Ndege mwenye pete: tupigieni picha pete, si umati

Mhariri,

Msimu wa ndege wahamiaji umeingia. Kuanzia sasa hadi Aprili magazeti yatakuwa na habari za ndege aliyeokotwa na pete ya watafiti mguuni au kifaa chao mgongoni. Habari hizo tunazifuatilia, na nyingi zina kasoro ileile: kuna picha ya ndege, kuna picha ya watu waliomzunguka, kuna maneno ya mwenyekiti wa kijiji, lakini yaliyoandikwa kwenye pete hayapo. Mwandishi akijitahidi sana hutuambia kwamba ilikuwa na "namba za kigeni". Hapo habari yenyewe imeachwa njiani, kwa sababu bila namba ya pete huyo ni ndege tu kama wengine waliopita siku hiyo. Tunaomba nafasi tueleze pete hizi zinasomwaje, nini kiandikwe na kipelekwe wapi, ili mwandishi, mvuvi, mkulima au mwanafunzi atakayekutana na ndege wa aina hiyo ajue la kufanya.

Kabla ya pete kulikuwa na mkuki. Mwaka 1822, karibu na mji wa Klütz kaskazini mwa Ujerumani, aliuawa korongo mweupe aliyekuwa na mkuki wa Kiafrika umemchoma shingoni, mrefu karibu sentimita 80. Alikuwa amechomwa huku, akapona, akarudi nao kwao. Alikaushwa na bado yuko Chuo Kikuu cha Rostock. Zama hizo bado walikuwapo Wazungu walioamini kwamba mbayuwayu hujizika kwenye tope la maziwa kukimbia baridi, kwa hiyo mkuki ule ulijibu hoja nyingi kwa mara moja. Mwaka 1899 mwalimu wa Denmark, Hans Christian Mortensen, aliwavisha kwenzi 165 pete za alumini zenye namba na anwani. Utaratibu ndio huohuo hadi leo: namba isiyorudiwa, na mahali pa kupeleka habari. Mei 1911 mbayuwayu alivishwa pete Staffordshire, Uingereza, na Desemba 1912 akapatikana Natal, Afrika Kusini. Mtu mmoja shambani aliona pete, akaisoma, akaandika barua. Bila barua ile Waingereza wangeendelea kubahatisha mbayuwayu wao wanakwenda wapi.

Afrika Mashariki nasi tuna kituo chenye sifa duniani: Ngulia, katika Hifadhi ya Tsavo Magharibi nchini Kenya, ambako kazi hii imefanyika tangu 1969. Novemba na Desemba, usiku usio na mwezi na wenye ukungu, ndege wadogo wanaosafiri gizani huvutwa na taa za loji iliyo juu ya ukingo wa mlima, wakashuka kwa maelfu. Hunaswa kwa nyavu nyembamba, hupimwa, huvishwa pete na kuachiwa waendelee na safari. Mmoja wao ni kindege wa kahawia asiye na cha kutazamwa, Acrocephalus palustris, ambaye dume lake huiga sauti za ndege wengine. Mtafiti aliyewasikiliza Ubelgiji alionyesha mwaka 1979 kwamba kila dume huiga kwa wastani aina 76 za ndege, na zaidi ya nusu ni ndege wa Afrika. Yaani mtu anayezijua sauti za ndege wetu anaweza kusimama kichakani Ulaya na kusikia ndege huyu alipita wapi. Lakini hiyo ni bahati ya aina moja tu. Kwa waliobaki tunahitaji pete.

Ni ndege gani hasa wenye uwezekano wa kukutwa na pete huku kwetu? Inategemea uko wapi. Ziwa Victoria lina uhusiano wa karibu na Finland. Shakwe wenye mgongo mweusi wanaozaliana huko hushuka hadi ziwani humu, na wengi wamevishwa pete kwa sababu Wafini wanawafuatilia kwa bidii. Januari 2022 katika Kaunti ya Siaya alipatikana ndege mbuai mvua-samaki (Pandion haliaetus) mwenye pete ya Makumbusho ya Helsinki. Alikufa baadaye, lakini kwa kuwa maandishi ya pete yalitangazwa, kumbukumbu yake ilipatikana. Nyanda za ndani hupita korongo weupe na tai wa nyika za Urusi na Kazakhstan. Hawa huruka kwa kupanda hewa ya moto inayoinuka ardhini, na kwa kuwa juu ya bahari hewa hiyo haipo, huikwepa; korongo, kwa mfano, huizunguka Mediterania na kushuka kupitia Uturuki, Sinai na bonde la Mto Nile. Pwani, kuanzia Mida karibu na Watamu hadi delta ya Rufiji, kuna vitwitwi na sululu wanaozaliana kaskazini ya mbali, pamoja na yule ndege mweupe na mweusi mla-kaa (Dromas ardeola), ambaye yeye hatoki kwenye baridi bali huzaliana kwenye mashimo ya mchanga katika visiwa na fukwe za Oman, Ghuba na Somalia. Na mbayuwayu wako kila mahali.

Sasa pete yenyewe. Pete ya kitafiti ni ya chuma chepesi, mara nyingi alumini. Kwa ndege wa maji ya chumvi hutumika chuma kigumu zaidi kwa sababu chumvi na mchanga huila alumini mpaka maandishi yakafutika. Ina mshono: ilikuja ikiwa wazi, ikabanwa kwa koleo maalumu kuzunguka mguu. Pete ya ndege wa gramu tisa ina kipenyo cha milimita 2 hivi, kwa hiyo maandishi yake hayasomeki kwa macho matupu ya mtu mzima. Tumieni simu, ila msiisogeze mpaka iguse. Kamera nyingi hushindwa kulenga kitu kilicho karibu mno. Iwekeni umbali wa sentimita 10 hivi, mwanga ukitokea pembeni, kisha vuteni picha. Piga, zungusha pete robo, piga tena, mpaka mzunguko uishe. Picha moja haitoshi hata siku moja, kwa sababu maandishi yamezunguka mguu na upande mmoja hauonyeshi yote.

Kuna vitu viwili kwenye pete: anwani na namba. Anwani huwa ni neno au mawili, kama HELSINKI, STOCKHOLM, MOSKWA, RADOLFZELL, PRAHA au NAIROBI, na siku hizi nyingine zina tovuti. Namba mara nyingi hutanguliwa na herufi, na hapa ndipo tunapopoteza kumbukumbu nyingi. Namba ya pete ni kama namba ya gari: ukiacha herufi za mwanzo umetaja magari mengi. Andikeni kila kitu kwa mpangilio wake, nafasi na alama zikiwamo. Makosa ya kusoma yanajulikana: sifuri na O, moja na I, tano na S, nane na B. Sita na tisa hubadilishana pete ikiwa juu chini, kwa hiyo tazameni maandishi mengine yamesimama upande gani kabla ya kuamua. Ikiwa tarakimu moja ina utata, andikeni kwamba ina utata. Kubahatisha ni kubaya kuliko kuacha wazi, kwa sababu namba iliyobahatishwa huenda ikawa ni ya ndege mwingine kabisa, na kompyuta ya huko haitalalamika.

Pete iliyochakaa isisuguliwe kwa msasa, mchanga wala steelwool. Mnaondoa mabaki ya maandishi. Ioshwe kwa maji na sabuni tu, ikaushwe, iwekwe karatasi nyembamba juu yake na kupitishwa penseli laini taratibu. Mara nyingi herufi hujitokeza. Ikishindikana, ifungwe na kutumwa hivyohivyo, maana maabara zina dawa zinazorudisha maandishi yaliyofutika kwa jicho.

Kwa korongo tafuteni pete juu zaidi. Korongo hujipoza joto kwa kujinyea miguuni, na kinyesi hicho chenye chokaa kikijaa ndani ya pete na kukauka kinaweza kumbana na kumuumiza. Kwa sababu hiyo wavisha pete wengi huiweka juu ya lile pindo la katikati ya mguu, ambako manyoya ya paja huificha. Mtu akitazama chini tu atasema ndege hana kitu.

Ndege akiwa hai, pete haitolewi. Hili tunalirudia kwa waandishi hasa, kwa sababu tumeona watu wakishauriwa "kumsaidia" ndege kwa kumvua. Mguu wa ndege mdogo huvunjika wakati pete inafunuliwa kwa kisu. Faida ya pete iko kwenye kusomwa ndege akiwa nayo, kisha aachiwe. Ndege mdogo hushikwa shingo ikiwa kati ya kidole cha shahada na cha kati, mgongo kwenye kiganja, vidole vilivyobaki vikizunguka mbawa bila kubana. Kifua kisibanwe hata kidogo. Ndege hana kiwambo cha kupumulia kama sisi. Huvuta hewa kwa kusogeza kidari, na kidari kikizuiwa anakufa mkononi huku mshikaji akidhani ametulia. Ndege mbuai hatari yake iko kwenye kucha, si mdomo: afunikwe kichwa kwa kanga au kitambaa kizito, miguu ishikwe kwanza, juu ya kucha, yote miwili pamoja. Korongo au kongoti ni kinyume chake, mdomo ndio ushikwe kwanza kwa sababu huchoma jicho. Aliyechoka awekwe kwenye boksi la karatasi lenye matundu, mahali pa giza na kimya. Asimiminiwe maji mdomoni, tundu la hewa la ndege liko kwenye sakafu ya mdomo, nyuma kidogo ya ulimi, na maji huingia humo moja kwa moja.

Wavuvi, aliyenasa kwenye nyavu akatwe nyuzi, asivutwe. Uzi uliozama kwenye bawa unazuia damu, na akiachiwa na kipande kimebaki atakufa siku mbili tatu mbele. Ndoana isukumwe mbele mpaka ncha yenye mwiba itokeze, ikatwe kwa koleo, ndipo shina lirudishwe nyuma.

Ndege aliyekufa ni jambo jingine. Hapo pete inaweza kutolewa, lakini si kwa mikono mitupu. Geuzeni mfuko wa plastiki uwe glovu, na baadaye nawieni kwa sabuni. Wakikutwa wengi wamekufa pamoja, hasa bata, shakwe na ndege wengine wa majini, msiguse, mwiteni afisa mifugo, kwa kuwa mafua ya ndege yapo duniani na ndege hawa wanayabeba. Na ndege aliyekufa shambani akiwa amekunja kucha kwa nguvu huenda amelishwa sumu. Mashamba ya mpunga ya Bunyala, magharibi mwa Kenya, yanajulikana kwa ndege kutegwa kwa kaboforani, dawa kali ya kuua wadudu, na kisha kuuzwa wakaliwe. Sumu hiyo haichagui kati ya bata mzaliwa wa hapa na korongo aliyetoka Poland, wala kati ya ndege na mtoto atakayepewa paja lake.

Baada ya namba yanafuata maelezo, na humu ndimo Waswahili tuna mitego yetu wenyewe. Tarehe iwe ya kuokota, si ya kuandika barua, na mwezi uandikwe kwa neno: 3/11 kwa mwingine ni Machi. Saa tunaisoma tofauti na wenzetu. Ukiandika "saa 3" ukimaanisha asubuhi jua limeshapanda, msomaji wa Helsinki ataelewa usiku wa manane. Andika saa ya kimataifa, 09:00, au sema wazi ni saa ya Kiswahili. Jina la mahali lisiachwe peke yake. Majengo, Kisiwani na Mtakuja ziko kila mkoa, kwa hiyo taja kijiji, kata, wilaya na mkoa. Kisha chukua vipimo vya ramani kwenye simu kwa kubonyeza mahali penyewe mpaka alama itokee. Tarakimu ya kwanza kwa Tanzania yote huanza na alama ya kutoa kwa kuwa tuko kusini ya Ikweta. Ikidondoka wakati wa kunakili, ndege wa Dodoma anahamia kusini-magharibi mwa Ethiopia, na wa Mwanza anaangukia jirani na Gulu, kaskazini mwa Uganda. Kosa hili ni baya kwa sababu haliko wazi: ndege hao hupita pia Uganda na Ethiopia, kwa hiyo hakuna atakayeshtuka. Ongezeni neno "kusini" kwa maandishi, mambo yaishe.

Halafu elezeni alivyopatikana. Alikuwa hai au amekufa. Kama amekufa, mbichi au mifupa. Kwa nini, ikiwa inajulikana: waya wa umeme, gari, nyavu, paka, manati, mtego. Tunajua watu huficha neno "manati". Anayepokea barua si polisi. Anataka kujua ndege wake wanakufa kwa nini, na "ameokotwa" peke yake haimwambii kitu. Ndege akiwa hamumfahamu jina, picha ya mdomo, bawa lililokunjuliwa na miguu inatosha.

Pwani kuna jingine, pete za plastiki za rangi na vibendera vidogo vinavyochomoza mguuni. Hizi zimetengenezwa zisomwe kwa darubini bila kumkamata ndege, na zina thamani kubwa kwa sababu ndege mmoja anaweza kusomwa mara nyingi. Kinachoharibu ni kulia na kushoto. Mguu wa kulia ni wa kulia kwa ndege, si kwa anayemtazama. Akiwa amekuelekea, kulia kwake kuko kushotoni kwako. Andikeni mguu kwa mguu, kutoka juu kwenda chini, mkitaja kilicho juu ya pindo na kilicho chini yake, pete ya chuma ikiwamo, maana nafasi yake nayo ni sehemu ya alama. Herufi za kwenye kibendera zisomwe zaidi ya mara moja ndege anapogeuka. Rangi hudanganya: nyekundu iliyopigwa jua huwa waridi au chungwa, kijani kibichi huonekana cheusi, na bahari ikiwa imekupwa kila kitu ni tope. Subirini aingie kwenye maji, anyanyue mguu. Mwenye darubini na subira ya nusu saa, maji yanapojaa na kuwasogeza ndege karibu, atasoma zaidi ya mwenye kamera ya gharama anayewakimbiza.

Tuje kwenye vifaa vya mgongoni, ambavyo ndivyo vinavyovuta umati. Mwaka 2013 huko Qena, Misri, korongo alikamatwa na kupelekwa kituo cha polisi kwa kushukiwa kuwa jasusi. Alikuwa na kifaa cha utafiti. Vifaa hivi hurekodi mahali ndege alipo, na vingine joto na namna anavyotikisika. Haviko pale kumpiga mtu picha. Uzito ndio unaobana kila kitu. Kanuni inayofuatwa na wengi ni kwamba mzigo usizidi asilimia 3 hadi 5 ya uzito wa ndege. Korongo wa kilo 3 na nusu anaweza kubeba kifaa kikubwa cha sola bila taabu. Kozi wa Amur waliofungwa vifaa Nagaland, India, Novemba 2013, walivishwa vya gramu 5 tu, na kwa vifaa hivyo dunia ilishuhudia kozi mwenye uzito usiofika gramu 200 akivuka Bahari ya Hindi hadi pwani ya Afrika na kuendelea hadi kusini. Walipewa majina ya Naga, Pangti na Wokha.

Kuna vya setilaiti na kuna vinavyotumia mtandao wa simu. Hivi vya simu vina kisa chake: mwaka 2019 watafiti wa Urusi walijikuta na deni kubwa kwa sababu tai wao aitwaye Min alikaa Kazakhstan mahali pasipo mtandao, akajaza ujumbe, halafu akaumwaga wote alipofika Iran, ambako bei ya ujumbe mmoja ilikuwa juu mara kadhaa. Wananchi walichangishana, na kampuni ya simu ikaondoa deni.

Aina ya tatu ndiyo inayopotea bure. Ni kidude cha nusu gramu hivi chenye kinundu cha kupokea mwanga, huvishwa ndege wadogo. Hakitumi chochote. Kinaandika tu jua limechomoza na kuzama saa ngapi kila siku, na kwa hesabu ya saa hizo mtafiti hukadiria ndege alikuwa wapi. Kwa kidude cha aina hii ilijulikana kwamba kindege wa gramu kumi, Phylloscopus trochilus, hutoka mashariki kabisa mwa Siberia hadi kusini mwa Afrika, kiasi cha kilomita 13,000 kwa safari ya kwenda pekee. Lakini data zote zimo ndani yake. Kikitupwa jalalani, mwaka mzima umetupwa. Kisifunguliwe, kisichomekwe kwenye chaja, kihifadhiwe pakavu. Kifaa cha sola nacho kisifungiwe kabatini: kikikosa jua kinazima, na mwenyewe anaacha kukiona. Kiwekeni nje, kioo cheusi kikitazama juu, mpige picha maandishi ya ubavuni, ambapo mara nyingi pana simu au baruapepe.

Si kila pete ni ya mtafiti. Pete isiyo na mshono, yenye mwaka na herufi za nchi, mara nyingi yenye gamba la plastiki, ni ya njiwa wa mashindano; huvishwa kinda wa siku chache kabla vidole havijakua, ndiyo maana haina mshono. Makumbusho hayana habari zake, ni za vyama vya wafugaji njiwa. Na kozi mwenye kamba za ngozi miguuni ni wa kufugwa kwa uwindaji, ametoroka.

Mambo mawili huwafanya watu wafiche pete. Moja ni fedha: kuna uvumi kwamba pete inanunuliwa. Hainunuliwi. Ni kipande cha alumini, anayeripoti hulipwa kwa barua ya kumweleza ndege huyo alivishwa wapi, lini na akiwa na umri gani. Lisemwe wazi, kwa sababu siku mtu akiamini pete ina bei, ndege mwenye pete ndiye atakayepigwa manati kwanza. La pili ni hofu ya kesi ya nyara. Hofu hii ina msingi, mizoga na manyoya ya ndege pori havibebwi hovyo. Basi uacheni mzoga palepale, chukueni picha na maandishi, au mumwite afisa wanyamapori aitoe pete mwenyewe.

Taarifa za pete za nchi nyingi hupokelewa kwenye tovuti ya www.ring.ac, ambayo huzipeleka kwenye kituo husika. Asiye na intaneti anaweza kupeleka kwa Makumbusho ya Taifa ya Kenya mjini Nairobi, TAWIRI (Taasisi ya Utafiti wa Wanyamapori Tanzania) mjini Arusha, au chama cha NatureUganda mjini Kampala. Majibu huchukua wiki, pengine miezi, hasa pete ikiwa ya zamani.

Kwa chumba cha habari tuna mawili zaidi. Neno MOSKWA kwenye pete halina maana kwamba ndege ametoka Moscow. Ni anwani ya kituo, na pete zake zimetumika Urusi yote na nchi jirani. Ndege anaweza kuwa amezaliwa Siberia. Subirini jibu kabla ya kuandika kichwa cha habari. Na kilomita zinazotajwa kwenye jibu ni mstari ulionyooka kati ya alipovishwa na alipopatikana, wakati yeye alizunguka. Tena kama ana miaka kumi, njia hiyo ameipita karibu mara ishirini, kwenda na kurudi. Kwa hiyo "aliruka kilomita elfu saba kuja kufa Tanzania" mara nyingi si kweli. Vilevile msishangae pete ikipatikana Julai, wakati wengine wako kaskazini. Vitwitwi wengi wa mwaka wa kwanza hawarudi, hubaki pwani hadi msimu unaofuata.

Wahesabu wa ndege wa majini,
Mwanza.